Bei ya Fundi Msafiri

"Mama Sihaba, hivi shemeji yako akija kwako huwa anakuja na nini mkononi?"

Jirani yangu Teodora aliniuliza hivyo bombani, ndoo yake ikiwa haijafika nusu, na foleni yote ya wanawake nyuma yetu imetega masikio.

"Anakuja na heri," nikamjibu.

"Heri inabebwa kwenye kikapu gani? Maana anachoondoka nacho mimi nakiona. Juzi juzi hapa aliondoka na cherehani ya marehemu, kaifunga nyuma ya baiskeli. Anachokuja nacho ndicho sijapata kukiona."

Wanawake wakacheka. Nikacheka nao, kisha nikasema maneno ambayo laiti ningalijua yatafika wapi, ningaliyameza na maji ya bomba.

"Mwenzangu, mkono wa shemeji yangu haujawahi kuwa mtupu mlangoni kwangu."

Haikuwa kweli. Lakini wewe msomaji ungesema nini? Ndugu wa mume humvui nguo mbele ya mtaa mzima.

Kwa aliyelishika gazeti leo kwa mara ya kwanza: mimi ni Mwaija, wa Mirongo, Mwanza. Mume wangu Msafiri alikuwa fundi cherehani wa barazani. Mwanzoni mwa Desemba 1960 alikuwa akirudi kwa baiskeli kutoka Nyakato kupeleka nguo za watu, lori la pamba likamgonga, likamwachia mjane na watoto watatu. Dereva alitozwa faini akarudi kwenye usukani wake. Mimi nilikaa eda, nikatoka, nikakuta deni la nyumba limeota mizizi. Mwenye nyumba akaniambia atanivumilia mpaka Uhuru, basi. Baada ya Uhuru kila mtoto atafute pa kulala, mmoja kwa shangazi, mmoja kwa bibi, na Sihaba wangu, ambaye ndiyo kwanza anajua kusoma, akafanye kazi kwa watu.

Wiki iliyopita niliwaeleza nilivyompata wakili, Mhindi mmoja mzaliwa wa hapa hapa Mwanza, aliyekubali nimlipe baada ya kampuni ya bima ya lile lori kulipa.

Sasa sikilizeni jinsi mume wangu alivyopigiwa bei.

"Marehemu alikuwa anapata kiasi gani kwa mwezi?" wakili akaniuliza.

"Mwezi gani? Mwezi wa Idi au mwezi wa masika?"

Akaweka kalamu chini. "Mwezi wa kawaida, mama."

"Fundi hana mwezi wa kawaida. Idi ikikaribia alikuwa halali. Masika alikuwa anatia viraka tu."

Tukavutana kidogo, tukakubaliana shilingi mia na hamsini.

"Sasa tutoe alichokula yeye mwenyewe."

"Tutoe vipi? Si ameshakula?"

"Kampuni hailipi tumbo la marehemu. Inalipa kile kilichofika kwenu. Alichokula, alichovaa, sigara, kahawa, vyote tunatoa."

Basi nikakaa pale nikaanza kumtoa mume wangu kipande kipande. Sigara hakuvuta. Kahawa alikunywa kikombe kimoja baada ya swala ya alasiri. Nguo alijishonea kwa vitambaa vinavyobaki. Ugali, nikasema, alikula kama watu wawili.

Wakili akainua macho. "Wawili?"

"Mmoja na nusu," nikasema haraka, na moyoni nikamwomba Mungu msamaha kwa ile nusu.

Akatoa hamsini. Ikabaki mia. Mia kwa mwezi ni elfu moja na mia mbili kwa mwaka. Akazidisha mara kumi na mbili.

"Kwa nini kumi na mbili?" nikauliza. "Msafiri alikuwa na miaka thelathini na tano. Baba yake alilima mpaka kichwa kikawa cheupe chote."

"Kwa sababu mtalipwa kwa mkupuo, na shilingi ya mkupuo ni nzito kuliko ya kudondoka. Na kwa sababu hata asingegongwa na lori, pengine angekufa kwa homa. Mahakama hupunguza."

"Kumbe wanamuua mara ya pili."

Hakucheka. Akageuza karatasi nione. Elfu kumi na nne na mia nne.

Sijawahi kuona tarakimu kama ile ikiwa na jina langu juu yake. Nikaona bati. Nikaona mlango wenye kitasa. Nikaona watoto wangu watatu wamelala jamvi moja, na hakuna mtu wa kuja kuniambia siku imefika.

"Lakini usiifurahie bado," wakili akasema. "Yako mambo mawili yanaweza kuikata. La kwanza ni kuolewa. Hakimu atakutazama. Akiona bado unaweza kupata mume, anapunguza."

"Atanitazama nini?"

Wakili akageukia dirishani. "Umri. Na sura."

Nilipomsimulia Teodora jioni ile alikaa chini kabisa.

"Wewe! Basi siku hiyo vaa kanga yako ya jikoni. Wanja usiuguse. Na utembee kama mtu mwenye jipu."

"Mimi mjane wa watu nitembee kama nina jipu kwa ajili ya bima?"

"Kwa elfu kumi na nne mimi ningekwenda natambaa."

Ndivyo alivyo Teodora. Kanisani kila alfajiri, na ulimi wake unamtangulia mlangoni.

Jambo la pili ndilo lililoniweka macho. Wakili alisema: kama yuko mwanamume mwingine anayeilisha nyumba yangu, kampuni itadai pengo limeshazibwa, na penye pengo lililozibwa hailipi.

"Je, yuko?"

"Hayuko," nikasema. Na kweli hakuwako. Koti sikulikumbuka.

Ngoja nilieleze hilo koti, maana ndilo lililokuja kukaa katikati ya mambo yote.

Kwa akina Msafiri, ng'ambo ya ziwa huko Kamanga, mtu mzima akifa nyumba yake haiachwi bila msemaji. Siku ya arobaini wazee walikutana. Mama mkwe wangu, Bi Zakia, akachukua koti la kijivu alilojishonea Msafiri, akamvisha mdogo wa marehemu, Mbaruku, shemeji yangu yule yule. Akasema, "Nyumba ya kaka yako isikose mtu." Nami, nikiwa bado edani, nikatoa kikombe cha marehemu kikapelekwa, akanywea maji. Basi, imekwisha.

Wapo wanaovishwa koti kisha wakamchukua na mjane. Mimi baada ya eda nilisema mbele ya wote kwamba sitaolewa, na Mbaruku mwenyewe akaruka. "Shemeji, mke niliye naye tu ananishinda!" Watu wakacheka, mambo yakaisha. Koti lilikuwa la heshima. Mwenye koti ndiye anayeitwa kwenye harusi na ugomvi. Ndiye aliyeandikwa kwa liwali kuwa msimamizi wa mali ya marehemu, na bila sahihi yake shauri langu lilikuwa haliendi popote.

Koti lenyewe lilimzidi. Msafiri alikuwa mtu wa mikono mirefu. Mikono ya koti ilimfunika Mbaruku mpaka kwenye vidole, hata akikusalimia unashika kitambaa.

Ikafika wiki ya mwisho. Mji wote ulikuwa unajipaka chokaa kwa ajili ya Uhuru. Kila pembe nyundo, kila pembe ngoma ya kujifunza, mtu huwezi kusikia mawazo yako. Na mimi nahesabu yangu: mwaka wa kifo ulikuwa unatimia Jumamosi. Ukitimia shauri halijafunguliwa, wakili alisema, mlango umefungwa na ufunguo umetupwa ziwani.

Jumatano kampuni ikaleta mtu wake ofisini kwa wakili. Wakikubaliana, hakuna haja ya hakimu. Nilikwenda na kanga ya jikoni. Jipu nilishindwa.

Mbaruku alivuka na boti ya asubuhi. Akaingia amevaa koti, amelipiga pasi, kifua mbele.

Mtu wa kampuni aliitwa Kashindye, kijana mpole, tai shingoni, kofia mkononi. Nilitegemea mtu mkali. Mkali ningemweza. Huyu aliinuka, akamshika Mbaruku kwa mikono miwili, akamsalimia kwa Kisukuma salamu ndefu yenye mvua, mihogo na ng'ombe ndani yake. Nikaona shemeji yangu anavimba kama andazi kwenye mafuta.

"Na koti hili, mzee wangu," Kashindye akasema kwa Kiswahili, "si koti la dukani."

"La kaka hili! Nilivishwa na mama mzazi mbele ya wazee. Nyumba ile sasa ina mtu. Mtu mwenyewe ni mimi."

"Hongera sana. Maana havishwi mtu asiyejiweza."

"Havishwi!"

Wakili akakohoa. Mbaruku akamwambia pole.

"Kwa hiyo watoto wa marehemu hawajambo?" Kashindye akauliza, kama mtu anayeulizia tu.

Nikamtazama Mbaruku. Nikamtazama kwa nguvu zangu zote. Lakini mwanamume aliyevaa koti la kaka yake, mbele ya mgeni aliyemwita mzee, atasemaje kwamba watoto wa kaka wanakunywa uji usio na sukari?

"Hawajambo kabisa," akasema. "Hawajalala njaa hata siku moja tangu nivishwe."

"Mungu mkubwa. Na mama yao?"

"Shemeji? Si huyo hapo, mtazame mwenyewe."

Wakanitazama wote. Sijui walichokiona.

"Na cherehani ya fundi? Nasikitika kuuliza, maana nasikia ajali ilikuwa mbaya."

"Cherehani haikuwako barabarani, bwana! Iko kwangu Kamanga. Nimemweka kijana anashona, pesa inaingia kila wiki."

Wakili akavua miwani akaiweka mezani.

Kashindye aliandika polepole, kwa mwandiko mzuri. Kisha akafunga kalamu.

"Bwana wakili, fundi amefariki, Mungu amrehemu. Lakini cherehani haikufa, na nyumba ilipata mtu siku ya arobaini. Kampuni yangu itahesabu tangu siku ya ajali mpaka siku ya koti. Kwa ubinadamu tu, tunaongeza gharama ya mazishi. Jumla shilingi mia tatu."

Nje walikuwa wanapigilia misumari. Kila msumari niliusikia kichwani.

Mbaruku bado alikuwa anatabasamu. "Mia tatu ndiyo za leo?" akauliza. "Na zile nyingine mnaleta lini?"

"Hakuna nyingine," wakili akamwambia. "Umezitoa wewe mwenyewe sasa hivi."

Tabasamu likabaki usoni kwa Mbaruku dakika nzima, limekosa pa kwenda.

Wakili akanigeukia. "Mama. Aliyoyasema huyu bwana ni kweli?"

Msomaji, sikuwa nimeapishwa. Hapakuwa na msahafu pale, wala hakimu. Ningeweza kusema ni kweli, nikamfunika tena kama nilivyomfunika bombani, nikatoka na mia tatu na heshima ya ukoo. Au ningesema sijui. Lakini Mungu hangojei mtu aapishwe ndipo asikilize, na Sihaba nilimwacha nyumbani anahesabu maandazi ya kuuza.

"Si kweli," nikasema.

"Shemeji," Mbaruku akanong'ona.

"Si kweli, bwana wakili. Tangu avae koti ameleta mihogo siku ya Idi, na kuku mmoja, naye alikuwa mgonjwa. Cherehani alisema anaipeleka kuitunza. Senti yake sijaiona. Watoto wanakula kwa maandazi ninayokaanga alfajiri. Na Uhuru ukipita tunatolewa nyumbani."

Nilidhani nimemaliza. Nilidhani sasa mizani itarudi upande wangu.

Kashindye akafungua mkoba wake taratibu. "Samahani, mama. Nilipita mtaani kwako mwezi uliopita. Jirani yako, mtu mwema, alinikaribisha hata maji. Nilimwuliza kama shemeji yako anawasaidia. Akasema yeye mwenyewe hakuamini, lakini wewe ulimjibu bombani, mbele ya watu wengi: mkono wa shemeji yangu haujawahi kuwa mtupu mlangoni kwangu. Ulisema, hukusema?"

"Nilisema."

"Basi ulidanganya bombani, au unadanganya hapa?"

"Pale nilimfunika. Hapa namfunua."

"Hakimu atapenda kujua ni lipi kati ya hayo mawili ulilolizoea."

Nikaona lazima nimalize nilichoanza. Nikamgeukia Mbaruku, nikamwuliza swali ambalo kwa miezi mingi nilikuwa nalimeza.

"Shemeji, pesa ya cherehani inakwenda wapi?"

Akainamia meza.

"Wanao wana viatu? Umenunua ng'ombe? Sema tu, tusikie."

"Unaniuliza hapa?" Sauti yake ilikuwa ndogo. "Mbele ya hawa?"

"Umenisemea hapa. Nijibu hapa."

Akatazama mikono ya lile koti.

"Mama anakula nini?" akasema.

"Mama nani?"

"Mama yetu. Bi Zakia. Tangu kaka afe, umewahi kuuliza anakula nini? Miguu imekufa ganzi, shamba haliingii. Kaka alikuwa anampelekea shilingi ishirini kila mwezi, yeye na dawa yake. Kaka alipokufa, ishirini zilikufa. Mimi pamba yangu mwaka huu ililiwa na wadudu. Nikachukua cherehani."

Nilijua Msafiri alikuwa anapeleka kitu kwa mama yake. Kiasi gani, sikuuliza. Na baada ya kuzika, haki ya Mungu, nilikuwa naliwaza jiko langu tu.

Wakili alikuwa ameshavaa miwani. "Subiri, subiri. Marehemu alikuwa anamtunza mama yake kila mwezi? Basi mama naye ana fungu lake katika fidia! Bwana Mbaruku, siku ya kwanza nilikuuliza hapa hapa kama marehemu ana mzazi anayemtegemea. Ukaniambia nini?"

"Nilikwambia mama ana mwana mzima."

"Kwa nini?"

"Ningesemaje?" Mbaruku akapandisha sauti, na ilikuwa kama sauti ya mtoto. "Niko hai, nina mikono miwili, nimevaa koti, niseme kwa mtu nisiyemjua kwamba mama yangu mzazi analishwa na cherehani ya maiti?"

Hata Kashindye aliinamisha macho.

Wakili akavuta karatasi mpya. "Sikiliza. Bado hatujafungiwa mlango. Ninaandika madai upya, mama yako yumo, mjane yumo, watoto wamo. Ninayafikisha mahakamani kabla ya Jumamosi. Nahitaji sahihi yako tu, wewe ndiye msimamizi."

Akamsogezea kalamu.

"Ni haki yake kutia," Kashindye akasema, anafunga mkoba. "Ila maneno yake ya kwanza ninayo, na ya mama bombani ninayo. Akiyageuza, itabidi asimame kizimbani, mbele ya watu, aseme kwa mdomo wake kwamba alivishwa koti akashindwa kuilisha nyumba ya kaka yake, na mama yake vilevile. Nitamwuliza mimi au atamwuliza wakili wetu, lakini ataulizwa. Na Kamanga wataijaza ile boti kuja kusikiliza."

Hakusema kwa ubaya. Ndiyo kazi yake.

Mbaruku akaitazama kalamu. Kisha akanitazama mimi, na kwa mara ya kwanza siku ile nikaona amefanana na kaka yake, hapa, katikati ya nyusi.

"Shemeji, ndivyo unavyotaka? Nikasimame nikayaseme hayo?"

Nilikuwa na majibu mengi. Ningeweza kumwambia niwie radhi. Ningeweza kumwambia tutasimama wote wawili, nami nitayasema yangu ya bombani kabla yake. Hayo nimeyapata baadaye, usiku, kama kawaida. Pale nilimwona mwenye nyumba, nikamwona Sihaba na karai kichwani mlangoni kwa watu wengine.

"Ndivyo ninavyotaka," nikasema.

Akainuka. Akatoa mkono mmoja wa koti, kisha wa pili. Ndipo nikaiona mikono yake, imepasuka kwa jembe, na kiganja kimoja kimefungwa kitambaa. Akalitundika koti kwenye mgongo wa kiti, akalinyoosha mabega kama mtu anayemwekea mwenzake nguo tayari kwa Ijumaa. Kalamu hakuigusa.

Wakili akamwita. Mimi nikamwita, "Shemeji!"

Akafungua mlango, akatoka, hakusema neno tena. Nikakimbilia dirishani. Alikuwa katikati ya watu na bendera zao, na fulana yake imetoboka mgongoni, anateremka kuelekea ziwani, na boti ya Kamanga ilikuwa imeshaanza kupiga honi.